Kipimo cha G6PD kikisema mtoto yuko sawa, rudini tena baada ya miezi mitatu

Mwanangu alikuwa na miaka mitano alipofungua sanduku la nguo la bibi yake akatoka na kidonge cheupe mdomoni, anakinyonya kama peremende. Kilikuwa naftalini, ile ya kufukuzia mende na nondo. Tulimtoa, tukamsukutua, akarudi kucheza. Hapo tulikosea, mtoto aliyeweka naftalini mdomoni apelekwe hospitali siku hiyohiyo.

Siku ya tatu alikojoa mkojo wa rangi ya chai ya rangi iliyokolea. Viganja vilikuwa vimepauka, macho ya manjano. Kituo cha kwanza hawakuona malaria, wakasema ni UTI, maambukizi ya njia ya mkojo, tukarudi nyumbani na dawa. Usiku akaanza kuhema kwa kasi. Hospitali walipopima, himoglobini, ile inayobeba oksijeni kwenye damu, ilikuwa 4.8 tu. Aliongezewa usiku uleule.

Daktari alihisi upungufu wa G6PD, kimeng'enya kinacholinda chembe nyekundu za damu, akaagiza kipimo. Jibu likaja: kawaida. Nilifurahi mno, lakini yeye akasema, "Mama, hili jibu silipokei. Mrudishe baada ya miezi mitatu." Tuliporudi, kimeng'enya kilikuwa chini sana.

Nilimwuliza inawezekanaje. Akanieleza kwamba chembe nyekundu ya damu haina kiini wala mitokondria, kwa hiyo kinga yake dhidi ya sumu za aina hii inategemea G6PD, kimeng'enya kinachoshika glukosi na kuanzisha njia inayozalisha NADPH, kemikali inayoikinga chembe. Bila hiyo, sumu inaharibu himoglobini na chembe inapasuka. Zinazopasuka kwanza ni kuukuu, ambazo kimeng'enya chake kimeshapungua. Zinazobaki, pamoja na mpya ambazo mwili unazitengeneza haraka, bado zinacho cha kutosha. Ukipima wiki hiyo unapima zilizonusurika! Chembe huishi siku 120 hivi, ndiyo sababu ya kungoja.

Ndugu waliposikia neno glukosi wakadhani ni kisukari, wakamnyima mtoto sukari kwenye uji. Siyo kisukari. Sukari anakula kama wenzake.

Jeni yenyewe iko kwenye kromosomu X, na mtoto wa kiume X yake anaipata kwa mama. Yaani ilitoka kwangu. Mama yangu ndipo akakumbuka kaka yangu alivyogeuka manjano siku chache baada ya kuzaliwa. Nililia, sitaficha. Lakini tusioneane aibu: zaidi ya watu milioni 400 duniani wanao upungufu huu, na umeenea sana sehemu zenye malaria kwa sababu unampunguzia mtu hatari ya malaria kali. Uligunduliwa kwa sababu ya dawa ya malaria vilevile: mwaka 1956 watafiti wa Marekani waliokuwa wakichunguza kwa nini primakwini inapasua damu za baadhi ya watu, walikuta kimeng'enya hiki kimepungua.

Kwa hiyo kila anapoandikiwa dawa nalitaja jina hili kabla hata sijakaa. Za kuogopa ni primakwini, tafenokwini, dapsoni na nitrofurantoini, ambayo hutolewa kwa UTI. Dawa mseto ya malaria anaitumia bila shida. Maharage yetu anakula. Asiyokula ni yale makubwa ya fava ambayo Wamisri hupikia ful. Na nyie wenzangu wa Pwani, hina msimpake mtoto mwenye upungufu huu, hasa mchanga. Imeshapasua damu za watoto.

Bibi amezitupa naftalini zote, nguo amezifua na kuzianika siku mbili, sasa anaweka karafuu. Kwenye daftari la matibabu nimeandika G6PD kwa wino mwekundu ukurasa wa kwanza. Mdogo wake wa kike naye tunampeleka kupimwa, maana msichana mwenye X moja mbovu huwa na chembe mchanganyiko, nyingine nzima nyingine dhaifu, na wengine huugua kama kaka zao.