Kumwongeza mdaiwa wakati kesi imeshafunguliwa

Ndugu, umeuliza kama bado unaweza kumwongeza mwenye lori katika kesi uliyomfungulia dereva, ajali ikiwa na miaka 2 na miezi 8. Amri ya 1, kanuni ya 10 ya Kanuni za Mwenendo wa Kesi za Madai inairuhusu mahakama ya Uganda kuongeza mdaiwa katika hatua yoyote, lakini ruhusa hiyo haifufui dai lililokwisha muda, kwa kuwa mdaiwa mpya hahesabiwi kuwa alishtakiwa tangu siku ulipomshtaki dereva. Madai ya majeraha ya mwili yana ukomo wa miaka 3. Basi wasilisha ombi mapema. Lori likiwa la serikali (hukulitaja hilo), ukomo ni miaka 2, nayo imeshapita.