Kwa mnaoshuti dokumentari za nyumbani kwenu

Wadogo zangu, kila nikiitwa kuangalia klipu zenu nakutana na yale yale: mzee hajakaa vizuri kwenye kiti, na swali la kwanza ni "Babu, tueleze walivyokutesa." Jamani, haraka ya nini?

1. Msianze na tukio. Anzeni na nyumba: mlango ulitazama wapi, nani alilala chumba kipi. Akianza kuichora hewani, shuti mikono.

2. Maiki ya kifuani. Wazee wakiguswa moyo hujishika kifuani, na jibu mlilolisubiri miaka linamezwa na mkwaruzo. Wekeni ya pili kwenye stendi.

3. Siri haifichuliwi mbele ya kamera. Hapa nitakawia, maana hapa ndipo mnapoumiza watu. Kijana mmoja alipata barua iliyoonyesha kwamba babu yake hakufa kwa ugonjwa, kama ilivyosemwa nyumbani siku zote. Badala ya kumpa mama yake aisome faraghani, alipanga taa, akamkabidhi barua hiyo huku kamera ikirekodi. Alitaka mshtuko, akaupata. Mama alisoma hadi katikati, akaikunja kwa kufuata mikunjo yake ya zamani, akauliza, "Tumemaliza?" Hakukaa tena mbele ya kamera. Ukabaki uso ulioshtuka, na wa kuueleza hakuna.

Msiniambie alisaini fomu ya ridhaa. Alisaini kabla hajajua anaridhia nini! Yule mama alikuwa binti wa marehemu kabla hajawa mhusika wa filamu ya mtu. Mpe barua siku ya kawaida, kaa naye, kamera ibaki kwenye begi. Akitaka kuisoma tena mkiwa mnarekodi, atasema mwenyewe, na safari hiyo atakuwa na la kusema. Hilo ndilo filamu inalitafuta: mtu anavyoishi na jambo baada ya kulijua.

4. Hakuna picha za zamani? Msizibe pengo kwa picha za familia nyingine. Mtazamaji atadhani yule ni shangazi yenu. Mwongozaji Rithy Panh, katika filamu yake The Missing Picture ya 2013, alisimulia yaliyoipata familia yake Kambodia chini ya utawala wa kikomunisti wa Khmer Rouge kwa visanamu vya udongo. Pengo likaonekana kuwa pengo, na bado tukawajua watu wake.

5. Ndugu wakikumbuka tofauti, wekeni wote wawili. Nani kakuteua hakimu?

6. Familia ione filamu kwanza, wakati bado unaweza kukata. Uwepo chumbani. Wakiomba kipande kitolewe, usianze kukitetea. Uliza wanaogopa nani atakiona. Mara nyingi ni mtu mmoja tu, labda mjomba ambaye hakuhojiwa. Basi nenda ukazungumze naye kabla hujagusa kipande hicho.