Ukitaka kuwaelewa Wamarekani unaofanya nao kazi, soma tamthilia zao

Miezi minne yangu ya kwanza Pennsylvania nilikuwa napakia maboksi ghalani, zamu ya usiku. Upande wa pili wa mkanda alisimama mama mmoja wa makamo, Mzungu, mzaliwa wa mji uleule. Nilimsalimu kila siku. Hakuitikia hata mara moja. Kwetu Tanga mtu asipoitikia salamu siku tatu mfululizo unajua kuna neno, unamtuma mtu mzima akaulize. Pale sikuwa na wa kumtuma. Nikasema moyoni huu ni ubaguzi, basi, nikanyamaza.

Kilichonifumbua macho ni kitabu chembamba cha maktaba ya mji, kwa kadi niliyoipata kwa kuonyesha bili ya umeme tu. Kinaitwa Sweat, tamthilia ya Lynn Nottage. Nilikichagua kwa sababu kilikuwa chembamba, sitadanganya.

Mambo yanatokea kwenye baa mjini Reading, saa moja hivi kwa gari kutoka nilikokuwa naishi. Kuna wanawake marafiki wanaofanya kazi kiwanda kimoja. Mmoja wao, Cynthia, mwanamke mweusi, anapandishwa cheo, na haupiti muda mrefu mashine zinaanza kuondolewa na wafanyakazi wanafungiwa nje. Na yuko Oscar, kijana mwenye asili ya Colombia anayefuta meza hapo baa. Siku moja Oscar anamwonyesha Tracey, rafiki wa Cynthia, tangazo la kazi za kiwandani lililoandikwa kwa Kihispania. Tracey anapigwa na butwaa. Kazi za kile kiwanda, kwa anavyojua yeye, unaingia kwa kujuana. Anaanza kumsimulia babu yake, fundi Mjerumani aliyejenga majumba ya mji ule kwa mikono yake. Oscar anamjibu kwamba hata yeye amezaliwa palepale.

Ukurasa huo niliusoma mara tatu ndani ya basi. Oscar alikuwa mimi, japo mimi sikuzaliwa pale. Na Tracey nilimjua vizuri: ndiye niliyekuwa nampakilia maboksi. Nilitegemea mwandishi, mwanamke mweusi, angemtetea Oscar na kumwacha Tracey akiaibika. Wapi! Kampa Tracey hoja zake zote, kampa na babu, mpaka unamwonea huruma na kumkasirikia kwa wakati mmoja.

Usiku uliofuata sikumsalimu yule mama. Nilimuuliza baba yake alikuwa anafanya kazi wapi. Mapumziko yetu yalikuwa dakika kumi na tano, zikaisha akiwa bado yuko kwenye tanuru ya chuma aliyokuwa akifanyia kazi mzee. Salamu haitikii mpaka leo, ila huinua kidevu. Nimeipokea hivyohivyo.

Kwa hiyo ukiniuliza uanzie wapi, nitakwambia usianzie Broadway, zile kumbi kubwa za New York, na usianzie kwa wakongwe. Watu watakuelekeza kwa Arthur Miller na Death of a Salesman ya 1949. Ni kazi kubwa, lakini inamuuma zaidi mtu aliyelelewa tangu utotoni na ile ahadi ya Kimarekani kwamba ukijituma utafanikiwa. Wewe uliyeshuka ndege juzi ahadi hiyo hujaila vya kutosha ikukwame kooni. Utaisoma baadaye. Anza na tamthilia ya mji unaoujua na watu unaowaona. Kama una dada anayesuka nywele, tafuta Jaja's African Hair Braiding ya Jocelyn Bioh, binti wa wazazi wa Ghana, iliyofika Broadway mwaka 2023. Yote ni siku moja ya joto ndani ya saluni ya wasusi wa Kiafrika huko Harlem, na ile hofu ya makaratasi ya ukaazi iko chini ya kila mzaha.

La pili, tupa ile fani na maudhui ya kidato cha nne. Tulifundishwa kuchinja tamthilia na kupanga vipande kwenye karatasi ya mtihani, dhamira huku, wahusika kule. Isome kwa sauti. Kwa mtunzi August Wilson hasa, usiposoma kwa sauti hupati kitu, maana watu wake wanaongea kama wazee wa barazani: anaanza na bei ya kahawa anafikia kifo cha baba yake. Wilson alizaliwa 1945 mtaa wa Hill District, Pittsburgh, akaacha shule akiwa na miaka 15, akajisomesha mwenyewe maktaba. Alikuwa akikaa migahawani kusikiliza watu, anaandika hata kwenye karatasi za kufutia mikono. Aliacha tamthilia kumi, moja kwa kila muongo wa karne ya 20, na tisa kati ya hizo ziko mtaani kwao.

Mtaa wenyewe sehemu ya chini ilivunjwa miaka ya 1950 kupisha ukumbi mkubwa wa michezo, watu kama 8,000 wakahamishwa. Ukishajua hilo, soma Two Trains Running. Memphis ana mgahawa wake ambao mji unataka kuuchukua ubomolewe, naye ameng'ang'ania dola 25,000, hashuki hata senti. Aliyewahi kuamka akakuta X nyekundu ukutani kwake na kufuatilia fidia hahitaji mwalimu wa kumfafanulia Memphis.

Kuhusu kwenda kutazama: tiketi zinatisha, lakini kumbi nyingi zina usiku wa kulipa ulichonacho, na nyingine huuza viti vilivyobaki kwa bei ya chini siku ileile. Piga simu uulize, hakuna aibu.

Na wewe kijana unayeniandikia kwamba unataka kuwa mtunzi huku: fedha hakuna, nakwambia mapema. Wengi wao wanaishi kwa kufundisha au kuandikia televisheni. Nottage mwenyewe, mwanamke pekee aliyepata tuzo ya Pulitzer ya tamthilia mara mbili, ni profesa Chuo Kikuu cha Columbia. Ila angalia anavyofanya kazi. Mwaka 2011 Reading ilitajwa kuwa na kiwango kikubwa cha umaskini kuliko mji wowote wa Marekani wenye watu 65,000 na zaidi. Akaenda, akarudi, akarudi tena, zaidi ya miaka miwili ya kukaa na watu na kuwauliza maisha yao, ndipo Sweat ikapatikana. Nyinyi mnaanza na kompyuta.

Kabla ya hapo alikwishakwenda Uganda, mwaka 2004, kuwasikiliza wanawake waliokimbia vita mashariki mwa Kongo. Ikatoka Ruined, iliyompa Pulitzer ya kwanza mwaka 2009. Mama Nadi ana baa kwenye mji wa machimbo, anauzia bia wanajeshi na waasi, mradi risasi waziache kaunta.

Hiyo tuliisomea jikoni kwangu Jumamosi moja, watu wanne, vitabu viwili. Nilimpa nafasi ya Mama Nadi mama mmoja wa Bukavu, hukohuko Kongo, tunayefanya naye kazi, mimi nikawa namtafsiria pale Kiingereza kilipomshinda. Alipofika kwenye zile risasi alisimama. Akakifunika kitabu, akakiweka juu ya friji.

"Ule mama namujua," akasema.

Nikamuuliza, "Wa kwenye kitabu, mama?"

"Hapana, mwanangu. Wa kwetu."

Hatukusoma tena. Aliongea yeye mpaka saa saba usiku, na wali wangu ukaungua wote.