Mafuriko, vita au fukusi: nani aliwahamisha Wamarekani Weusi?

Swali: Shikamoo mwalimu. Naandika tasnifu ya shahada ya kwanza kuhusu Uhamaji Mkuu wa Wamarekani Weusi kutoka majimbo ya kusini kwenda kaskazini. Kitabu kimoja kinasema chanzo ni Vita Kuu ya Kwanza, kingine kinamtaja mdudu wa pamba, kingine mafuriko ya mto Mississippi ya 1927. Nina majedwali ya sensa ya 1920 na 1930. Nifanyeje nijue kila chanzo kilichangia asilimia ngapi? (Msomaji, Morogoro)

Jibu: Marahaba. Asilimia ziache, msimamizi wako asije akakuuliza umezipata wapi ukakosa la kusema. Chukua mtu aliyepanda treni Greenville, Mississippi, mwaka 1928. Pamba yake iliwahi kuliwa na mdudu, nyumba yake ilizama mwaka uliopita, na mfukoni ana barua ya shemeji aliyehamia Chicago wakati wa vita. Utamkata vipande vitatu? Unachoweza kukijua ni kila chanzo kilifika lini, kilifika wapi, na waliong'oka walielekea wapi. Ukivipanga hivyo, vinaanza kutengana vyenyewe.

Tuanze na mdudu. Huyu ni fukusi wa vitumba, usimchanganye na funza wa vitumba anayewasumbua wakulima wa Shinyanga na Simiyu. Funza ni mtoto wa nondo. Fukusi ni mdudu mgumu mwenye mdomo mrefu, anatoboa kitumba na kutaga humo. Aliingia Texas kutoka Mexico mnamo 1892, akasogea mashariki mwaka hadi mwaka, na mwanzoni mwa miaka ya 1920 alikuwa ameenea karibu ukanda wote wa pamba. Sasa tazama kalenda. Texas na Louisiana ziliumia miaka mingi kabla ya vita, na hakukuwa na msafara wa kwenda Chicago. Fukusi alipofika upande wa Natchez, kusini-magharibi mwa Mississippi, wengi waliokuwa wakilima kwa kugawana mavuno walihamia mashamba mengine ya pamba, hasa yale ya Delta, tambarare ya kaskazini-magharibi, ndani ya jimbo lilelile. Walibadilisha mwenye shamba, basi.

Ndivyo ilivyo pia kwa ukatili. Watu kunyongwa na makundi, kunyimwa kura, kudhulumiwa kwenye mahesabu ya mwisho wa msimu: hayo yote yalikuwepo mwaka 1900. Yanaeleza kwa nini watu walitaka kuondoka, ila hayaelezi kwa nini waliondoka kwa wingi kuanzia 1916.

Kilichobadilika ni kazi. Mwaka 1914 wahamiaji zaidi ya milioni 1.2 waliingia Marekani, wengi wao kutoka Ulaya. Mwaka 1918 waliingia kama 110,000 tu. Machinjio ya Chicago na vinu vya chuma vya Pittsburgh, vilivyozoea kuajiri Wapolandi na Waitaliano wapya, vikakosa watu wakati oda za vita zinamiminika. Mwaka 1917 Marekani yenyewe ikaingia vitani, vijana wakaandikishwa jeshini, pengo likapanuka. Mawakala wa ajira wakashuka kusini. Mji wa Macon, Georgia, ukaweka leseni ya dola 25,000 kwa wakala wa namna hiyo, na juu yake alete udhamini wa wachungaji na wafanyabiashara. Ada kubwa kiasi hicho haikuwekwa ili ilipwe. Gazeti la Weusi, Chicago Defender, nalo likawa linashushwa kusini na wahudumu wa mabehewa ya kulala, likisomwa kwa sauti kwa wasiojua kusoma. Matokeo unayo kwenye sensa: Weusi wa Chicago walikuwa 44,103 mwaka 1910, wakawa 109,458 mwaka 1920, na 233,903 mwaka 1930.

Na vita ilipokwisha Wazungu wa Ulaya hawakurudi kwa wingi ule wa zamani, kwa sababu sheria za 1921 na 1924 ziliwawekea kikomo. Kwa hiyo mafuriko yalipokuja, nafasi za kazi kaskazini zilikuwa bado zipo, na njia ya kwenda huko ilikuwa na ndugu kila kituo.

Kwenye mafuriko ndiko wanafunzi wengi wanakoteleza. Wanadhani maji yalikuja, watu wakakimbia, wakafika Chicago. Tarehe 21 Aprili 1927 tuta la mto lilipasuka Mounds Landing, juu kidogo ya Greenville. Katika bonde zima, mpaka maji yalipotulia, eneo la kilomita za mraba kama 70,000 lilikuwa limefunikwa, na zaidi ya watu 600,000 walipoteza makazi. Pale Greenville Weusi wapatao 13,000 walibaki juu ya tuta, mto upande mmoja na mafuriko upande wa pili. Meli za kuwahamisha zilifika, lakini wenye mashamba walipinga: wakiondoka hawa, nani atapanda pamba maji yakikauka? Zikaondoka bila wao. Kambi ikalindwa na askari wenye bunduki. Kutoka ni kwa kibali. Mwanamume ili apate chakula alitakiwa avae kibati kinachoonyesha kazi yake na mwajiri wake. Kwa msomaji aliyekulia karibu na mashamba ya mkonge, neno *manamba* litamjia lenyewe. Malalamiko yalipozidi, Herbert Hoover, waziri wa biashara aliyesimamia misaada, aliunda tume ya Weusi chini ya Robert Moton, mkuu wa chuo cha Weusi cha Tuskegee, kuchunguza kambi hizo.

Kwa maneno mengine, katika wiki zile za kwanza maafa yaliwafunga watu palepale. Kuondoka kulifuata baadaye, kambi zilipovunjwa na watu wakarudishwa kwenye deni lilelile na udongo uliojaa matope. Mwaka 2014 wachumi Richard Hornbeck na Suresh Naidu walilinganisha kaunti zilizozama na kaunti jirani za aina hiyohiyo ambazo hazikuzama. Zilizozama zilipoteza Weusi wengi zaidi, hawakurudi, na wenye mashamba polepole wakageukia mashine. Huo ndio mfano wa kuiga: tafuta jirani ambaye hakupatwa na maji.

Sasa majedwali yako. Jumla ya wakazi wa kaunti haikusaidii sana, maana watoto wanazaliwa na wazee wanakufa. Fuata rika. Tuseme kaunti ilikuwa na Weusi 1,000 wenye umri wa miaka 15 hadi 24 mwaka 1920. Kwa vifo vya wakati ule ulitarajia, tuseme, 900 wawepo mwaka 1930 wakiwa na miaka 25 hadi 34. Ukikuta 600, basi 300 zaidi waliondoka kuliko walioingia. Fanya hivyo kwa kaunti iliyozama na kwa jirani yake, kisha linganisha mapengo. Angalizo: sensa ya 1920 ilifanywa Januari, ile ya 1930 Aprili. Januari ndicho kipindi wakulima wa kugawana mavuno walipokuwa wakihama shamba hadi shamba, na baadhi hawakuhesabiwa kabisa.

Hata hivyo pengo hilo halikwambii kama walitoka 1922 au 1928. Hapo yaache majedwali, nenda kwenye karatasi zenyewe za kaya. Marekani huzifungua baada ya miaka 72, hivyo za 1930 ziko wazi kwa yeyote. Tafuta mitaa ya South Side, Chicago, walikokaa Weusi wengi, usome safu ya umri na safu ya mahali pa kuzaliwa. Baba Mississippi, mama Mississippi, mtoto wa miaka 4 Mississippi, mtoto wa mwaka 1 Illinois. Familia hiyo ilihama kati ya 1925 na 1929, nawe umeijua kwa kusoma mistari minne. Mtoto wa miaka 11 akiwa kazaliwa Illinois, hao waondoe kwenye hesabu ya mafuriko. Wao ni wa wakati wa vita au karibu na hapo.

Utakwama mahali pamoja: karatasi hiyo inaandika jimbo tu, haitaji kaunti. Kwa wanaume unaweza kuvuka. Oktoba 1940 wote wa miaka 21 hadi 35 walijiandikisha kwa ajili ya jeshi, na kadi ile ina nafasi ya mji au kaunti ya kuzaliwa. Chukua majina ya vijana wa kiume uliowakuta South Side mwaka 1930, watafute kwenye kadi hizo, kisha kaunti walizozaliwa ziweke juu ya ramani ya mafuriko. Anza na kaya 50. Ukikwama kwenye mwandiko wa makarani, niandikie tena.