Jibu: "Deodand" kwenye taarifa ya kifo ya Uingereza

Ndugu, neno "deodand" uliloliona kwenye taarifa ya kifo ya miaka ya 1600 si jina la ugonjwa. Asili yake ni Kilatini, deo dandum, yaani "cha kupewa Mungu". Kitu kilichomuua mtu, kiwe ng'ombe au gari la farasi, kilichukuliwa na Mfalme ili thamani yake itolewe sadaka. Sadaka kwa jina, maana kwa kawaida fedha ziliishia hazina.

Tarakimu inayofuata neno hilo ni thamani ya kitu hicho iliyokadiriwa na baraza la uchunguzi wa kifo. Mwenye mali alilipa hiyo badala ya kutoa kitu chenyewe. Wengi huisoma kama fidia ya wafiwa. Siyo, wao hawakuwa na haki ya kisheria juu yake. Angalia pia kama kitu kilikuwa kwenye mwendo: gari linalokwenda lilihesabiwa zima pamoja na farasi, ila aliyeanguka akipanda gurudumu la gari lililosimama, ni gurudumu tu.

Reli ndiyo iliyoiua sheria hii. Baada ya ajali ya treni ya Sonning, Uingereza, 24 Desemba 1841, baraza lilitoza pauni 1,000. Bunge likaifuta mwaka 1846, na mwaka huohuo likawapa wafiwa haki ya kudai fidia.