Kemisti akikataa kukuuzia dawa, usimkasirikie

Jumapili usiku msomaji mmoja wa Pipeline aliniandikia akiwa na hasira. Koo linamuuma siku ya tatu, ameenda kemisti kununua antibayotiki ya amoksilini, kijana wa pale akamwambia alete cheti cha daktari. "Mbona mwaka jana niliuziwa bila karatasi?" anauliza. "Nipe mbinu ya kuongea nao."

Mbinu ninayo, dada yangu. Niliitumia sana, na ndiyo iliyomlaza mama yangu hospitalini.

Mama alihamia kwangu Umoja miaka sita iliyopita. Magoti yalimsumbua, na tulikuwa tunakaa orofa ya nne. Nilijiona mwana wa maana nilipopata kemisti isiyo na maswali. Naingia, nasema "diklofenaki za wiki mbili," yaani vidonge vya maumivu, nalipa, natoka. Vidonge vinatiwa kwenye bahasha ndogo ya kaki, juu yake pameandikwa kwa kalamu: 1x2, yaani kimoja mara mbili kwa siku. Hakuna aliyeuliza ni vya nani, wala mgonjwa anatumia dawa gani nyingine. Mama alikuwa kwenye dawa ya presha na aspirini ndogo ya kila siku. Bahasha ilipoisha nilinunua nyingine. Na nyingine tena.

Asubuhi moja aliniita chumbani, akaninong'oneza kwa aibu kwamba choo chake kimekuwa cheusi kama lami. Nikamwambia ni mboga. Kesho yake aliishiwa nguvu kwenye ngazi, midomo imepauka, jasho jembamba usoni. Aliongezwa painti mbili za damu. Kamera iliyopitishwa hadi tumboni ilionyesha kidonda kinachovuja damu, kazi ya diklofenaki na aspirini kwa pamoja. Daktari aliigeuza ile bahasha mkononi, akaniuliza: "Nani alimwandikia hizi?" Sikuwa na jibu, na mpaka leo nikilikumbuka lile swali nashindwa kulala.

Tangu hapo nimesoma kuhusu dawa kuliko nilivyosomea mtihani wowote. Watu wengi hudhani dawa ya cheti ni ile kali au ya bei. Sivyo. Panadol inauzwa hadi kioski, ilhali mtu mzima akizidisha gramu 4 kwa siku anaweza kuua ini lake. Inaachiliwa kwa sababu maumivu ya kichwa unayatambua mwenyewe, na ukifuata kipimo haina shida kwa walio wengi. Cheti hudaiwa pale ambapo lazima upimwe kwanza ijulikane unaugua nini, au madhara yanakua kimyakimya kama ya mama, au matumizi ya ovyo yanaumiza hata majirani, kama antibayotiki zinazozoewa na vijidudu. Katikati kuna dawa ambazo mfamasia anaweza kukupa bila cheti, ila baada ya kukuhoji. Hapa kwetu Kenya mambo hayo yako chini ya Sheria ya Famasia na Sumu, Sura ya 244, na Bodi yake.

Na dawa huhama. Uingereza iliwahi kuruhusu vidonge vidogo vya diklofenaki bila cheti, ikavirudisha kwenye cheti mwaka 2015 kwa sababu ya hatari kwa moyo. Marekani nayo, mwaka 2020, iliruhusu jeli ya diklofenaki iuzwe bila cheti, lakini vidonge bado ni vya cheti, kwa kuwa ya kupaka huingia kwenye damu kidogo sana. Dawa ni ile ile!

Kwa hiyo ukinunua dawa, omba uone boksi lake. Ukiona Rx au POM, jua inataka cheti. Taja kila dawa unayotumia, hata kama hujaulizwa. Muuzaji asipokuuliza chochote, ondoka. Narudia: asipouliza, ondoka.

Dada, maumivu mengi ya koo huletwa na virusi, na amoksilini haiviwezi. Kama una homa au kumeza ni shida, nenda kituo cha afya kesho asubuhi wakuangalie koo. Yule kijana amekuuliza swali ambalo mimi sikuulizwa.

Mama yupo, namshukuru Mungu. Magoti bado yanamuuma. Siku hizi anapaka jeli, na tulihamia nyumba ya chini.