Jumatatu 61 kwenye benchi la kituo: lini mahakama izuie upelelezi?

Wiki iliyopita kijana mmoja wa Ngarenaro, Arusha, kaniandikia: "Dada, polisi wananipeleleza kwa ajili ya deni la vipuri. Niende Mahakama Kuu wazuiwe?" Nilimjibu kwa maneno mawili, halafu sikulala vizuri. Jibu refu ni hili, lake na la kila mfanyabiashara anayefungua duka alfajiri akiwaza kukua. Ukikua, iko siku mtu atakufungulia jalada.

Mimi nauza mchele soko la Mbuyuni, hapa Moshi. Mwishoni mwa 2022 mzee mmoja tuliyeheshimiana alinipa milioni 18 nilete mzigo kutoka Kahama, faida tugawane. Lori likaharibika njiani siku tatu, mvua ikanyesha, turubai likavuja. Magunia mengi yalifika yameota ukungu. Nilimwita aone mwenyewe. Alichota punje kiganjani, akazinusa, akazirudisha guniani taratibu. "Mama, hii hasara ni yako," akaniambia. Mwezi haukuisha nikaitwa kituoni: kujipatia fedha kwa njia ya udanganyifu.

Usiku ule wa kwanza sitausimulia. Niliandika maelezo ya onyo, yaani maelezo ya mtuhumiwa mbele ya polisi, nikapata dhamana ya polisi kwa wadhamini wawili na barua ya mtendaji. Simu yangu ikatiwa kwenye bahasha ya kaki, ikabandikwa gundi, nikaambiwa niripoti kila Jumatatu saa mbili asubuhi.

Mwezi wa tatu wa kuripoti nikafanya kosa ambalo kijana wa Ngarenaro anataka kulifanya sasa. Wakili wangu, mtu mzima mwenye subira, alinikataza. Nikamwacha, nikatafuta mwingine aliyeniahidi kwamba upelelezi wote utafutwa. Tukafungua shauri la haki za msingi. Likaondolewa kwa pingamizi la awali, bila hata hoja yangu moja kusikilizwa, kwa sababu sheria ya kudai haki hizo, Sura ya 3, inataka kwanza utumie njia nyingine za nafuu kama zipo. Sikuwa nimeandika barua hata moja kwa yeyote. Milioni tatu zikaenda, na watu wa sokoni wakasema nimeshindwa kesi, kana kwamba nimehukumiwa wizi. Neno hilo bado linaniuma.

Lakini leo nasema jaji alikuwa sahihi. Miezi mitatu polisi walikuwa na swali la haki kabisa: zile pesa zilikwenda wapi? Kama mahakama itazuia kila upelelezi kwa sababu mtuhumiwa anasema hana hatia, mama aliyetapeliwa kiwanja Njoro atakimbilia wapi? Mimi mwenyewe nimewahi kuibiwa stoo, na nilitaka mpelelezi aachwe afanye kazi yake.

Yule wakili wa kwanza, niliporudi kwake kichwa chini, alinieleza kwamba Mahakama ya Juu ya India, katika shauri la Bhajan Lal, iliorodhesha hali ambazo mahakama inaweza kuingilia. Mojawapo ni pale ambapo hata ukiyakubali malalamiko yote kama yalivyo, bado hayaonyeshi kosa la jinai. Nyingine ni pale jalada linapofunguliwa kwa nia mbaya, kwa kisasi. Na bado ikaonya kwamba mamlaka hayo yatumike kwa nadra sana. Jirani zetu Kenya, mwaka 1986, Mahakama Kuu ilizuia mashtaka dhidi ya Stanley Githunguri kuhusu fedha za kigeni, baada ya kupita takriban miaka tisa na yeye kuwa amehakikishiwa kwamba hatashtakiwa.

Mimi nimejitengenezea kipimo changu: je, mpelelezi bado ana swali analolitafutia jibu? Kama analo, mwache apeleleze. Kama hana, huo si upelelezi tena, ni adhabu isiyo na hukumu, na hapo mahakama iingie bila woga.

Nililijua hilo mwezi wa nane wa kuripoti. Nimekaa kwenye benchi, nainua macho, naiona bahasha yangu juu ya kabati. Vumbi limeilalia, na gundi haijaguswa. Simu yenye kila ujumbe kati yangu na yule mzee, picha za lori, risiti za mizani, haikuwa imefunguliwa hata siku moja! Asubuhi hiyohiyo nikaambiwa, "Malizana na mzee, jalada lifungwe." Jalada linalofungwa kwa malipo ni la deni, na mahakama za madai zipo.

Tangu marekebisho ya sheria ya 2022, mashtaka mengi hayafunguliwi mpaka upelelezi ukamilike, isipokuwa makosa makubwa. Ni jambo jema. Ila kungoja kumehamia kituoni, ambako hakuna hakimu wa kuuliza, "Upelelezi umefikia wapi?" Kwa hiyo uliza wewe, kwa maandishi. Niliandika barua kwa mkuu wa upelelezi wa wilaya, nakala kwa ofisi ya mashtaka, nikitaja Ibara ya 59B ya Katiba inayomtaka Mkurugenzi wa Mashtaka azingatie kuzuia matumizi mabaya ya taratibu za utoaji haki. Nikaandika ya pili. Ya tatu. Kila nakala nikagongewa muhuri wa mapokezi. Jumatatu ya 61 nikaambiwa jalada limerudi, hakuna jinai. Simu nikakabidhiwa betri imevimba. Nilisaini kwa mkono usiotetemeka.

Ndugu zangu, msilipe kwa woga msichodaiwa. Andikeni barua, tunzeni tarehe, andikeni tena. Jambo moja tu halingoji barua: ukishikwa mahabusu saa 24 zikapita bila kufikishwa mahakamani, ndugu zako wamtafute wakili siku hiyohiyo. Hapo jaji haombwi kuzuia upelelezi, anaombwa akutoe mahabusu.

Na wewe kijana wa Ngarenaro, kabla ya kumlipa wakili yeyote, niandikie mambo matatu: ulihojiwa mara ya mwisho lini, uliulizwa nini, na nani alikwambia "malizana naye".